Mtoto mwenye usonji kambini: maswali yanayoulizwa na makaunsela wanaokwenda Marekani

Kila mwaka vijana wa Kenya, Tanzania na Uganda hupanda ndege kwenda Marekani kwa viza ya J-1 kulea watoto kwenye kambi za kiangazi. Viza zikishatoka, maswali huanza kuniingilia kwenye simu, na moja hurudi kuliko yote: "Nimeambiwa bwenini kwangu kutakuwa na mtoto mwenye usonji. Nifanyeje?" Nimefanya kazi hiyo misimu minne katika milima ya Pocono, Pennsylvania. Haya ndiyo ninayowajibu. Saa zote humu ni za Kiswahili.

## Mambo ya msingi

1. Kambi ya kiangazi ni kitu gani, na kaunsela anafanya nini hasa?

Shule za Marekani hufungwa kwa miezi miwili na zaidi, kuanzia mwishoni mwa Mei au Juni hadi Agosti au mwanzoni mwa Septemba, kutegemea jimbo. Wazazi wengi huwapeleka watoto kambini. Kuna kambi za mchana, ambako mtoto anarudi nyumbani jioni, na kambi za kulala, ambako anakaa wiki moja, mbili, hata saba. Hapa nazungumzia hasa kambi za kulala.

Kaunsela ndiye mlezi. Unalala bweni moja la mbao na watoto kama kumi, unakula nao, unawapeleka ziwani, unawaamsha, unawalaza. Ukiwahi kuwa kiranja wa bweni shuleni, chukua kazi ile uizidishe mara tatu. Viza ya kaunsela hutolewa kwa mwenye umri wa miaka 18 au zaidi, kwa muda usiozidi miezi 4, na hairuhusu kambi ikupeleke jikoni au ofisini badala ya kulea.

2. Usonji ni nini kwa maneno ya kawaida?

Ni namna ubongo ulivyoumbika tangu utotoni, inayofanya mtu awasiliane na watu, asikie sauti, aone mwanga na ahisi mguso kwa njia tofauti na wengi. Kenya utasikia pia neno tawahudi. Ni jambo lilelile. Daktari Leo Kanner aliuandika mwaka 1943 huko Baltimore, akieleza watoto 11, lakini watu wenye usonji walikuwepo kabla hajaupa jina.

Unatofautiana sana kati ya mtu na mtu. Mmoja hatamki neno lolote, mwingine anaongea bila kupumua kuhusu injini za treni. Tangu 2013, mwongozo wa madaktari wa akili wa Marekani umeziweka hali zote hizo chini ya jina moja, na umeingiza pia suala la milango ya fahamu: kelele, harufu, mwanga, nguo inayowasha. Kaunsela ashike hilo la mwisho kwa mikono miwili, kwa sababu kambi nzima ni kelele, harufu na nguo zinazowasha.

3. Unasababishwa na nini? Nyumbani watu wanasema ni kurogwa, au mama hakumlea.

Si uchawi, si laana, si malezi. Urithi wa kinasaba una sehemu kubwa. Wamarekani nao waliwahi kumlaumu mama: kwa miaka mingi madaktari walisema mtoto amekuwa hivyo kwa sababu mama yake ni baridi, na wanawake wengi waliumizwa na uongo huo kabla haujaachwa. Chanjo pia hazisababishi. Makala ya 1998 iliyoanzisha hofu hiyo ilifutwa na jarida lililoichapisha mwaka 2010.

Naliweka swali hili mapema kwa sababu usipolimaliza moyoni, mzazi atakuja siku ya kumleta mtoto na utamwangalia kwa jicho ambalo amekwisha kuliona mara elfu.

4. Je, ni jambo la nadra? Labda sitakutana nalo.

Utakutana nalo. Takwimu zilizotolewa mwaka 2025 na CDC, taasisi ya serikali ya Marekani ya kudhibiti magonjwa, zilionyesha mtoto 1 kati ya 31 wenye umri wa miaka 8 katika maeneo yaliyochunguzwa Marekani. Kambi yenye watoto 200 ina kadhaa, wengine wakiwa na maelezo kwenye faili na wengine bila (tazama swali la 19).

## Kabla hajafika

5. Nitajuaje mambo yake?

Mzazi hujaza fomu ndefu kabla ya kambi. Muulize mkuu wako wiki ya mafunzo: "Kwenye faili la mtoto huyu, mimi naruhusiwa kusoma nini?" Si kila kitu utaonyeshwa, na usidai. Unayohitaji ni machache: nini kinamtuliza, nini kinamvuruga, anakula nini, analalaje, anaombaje msaada, amewahi kuondoka mahali bila kuaga, ana kifafa au la. Kifafa huwapata watu wenye usonji zaidi kuliko wengine, na walinzi wa ziwani lazima wajue.

Siku ya kupokea watoto, mzazi akiwa bado anatoa mabegi kwenye gari, mwombe dakika tatu. Mimi huuliza swali moja: "Siku yake ikiwa nzuri, nitaiona kwa dalili gani?" Wazazi hawa wamezoea kuulizwa kuhusu matatizo tu. Mama mmoja alinyamaza kwanza, kisha akaniambia, "Anavuma kama nyuki." Wiki nzima nilijua pa kusikilizia.

6. Niandae nini bwenini?

Kitanda cha chini, pembeni, mbali na mlango unaojibamiza na mbali na feni yenye kelele. Kiamue kabla watoto hawajaanza kugombania vitanda, kisha kisibadilike.

Ratiba ya siku kwa picha, ukutani au mfukoni: kuamka, kifungua kinywa, ziwani, kazi za mikono, chakula cha mchana. Picha zilizowekewa plastiki na kubandikwa kwa velkro ni bora, maana unaweza kuzihamisha. Kambi nyingi zina mashine ya kuweka plastiki ofisini, omba. Tochi yake mwenyewe. Hedifoni za kuzuia kelele, kama hakuja nazo. Na mahali pa kupumzikia panapojulikana: ngazi za nyuma, kiti chini ya mti fulani. Mwonyeshe mahali hapo siku ya kwanza, akiwa ametulia. Akizidiwa hatakuwa na nafasi ya kujifunza njia.

## Kujenga ukaribu

7. Siku ya kwanza nimwendeeje?

Polepole, kutoka pembeni, na bila maswali mengi. Sisi tumelelewa kwamba kumkaribisha mgeni ni kumsemesha: habari za safari, nyumbani hawajambo, umekula? Kwa mtoto aliyetoka kwenye basi la njano baada ya saa tatu za kelele, hayo ni mawe juu ya mzigo. Mwambie jina lako, mwonyeshe kitanda chake, mwambie kinachofuata, kisha kaa karibu ukifanya jambo lako.

Mtoto mmoja wa miaka 8 siku mbili za kwanza hakunijibu neno. Kila tulipofika ziwani alichuchumaa ukingoni akapanga mawe mstari mmoja. Kaunsela mwenzangu alijaribu kumvuta kwenye mchezo wa mpira, mtoto akalia. Siku ya tatu nilikaa hatua mbili kutoka kwake, nikapanga mstari wangu, kutoka jiwe dogo hadi kubwa, nikidhani ndivyo anavyofanya. Baada ya muda akaja, akatazama, akachota maji kwa viganja akayamwagia mawe yangu. Yakabadilika rangi. Hapo ndipo nilipoona: hakuwa akipanga kwa ukubwa, bali kwa weusi wa jiwe likilowa. Akachukua jiwe langu la tatu akalihamishia mwisho. Sikusema kitu. Nikachukua lingine, nikalilowesha, nikamwonyesha. Akanielekeza kwa kidole mahali pake.

Urafiki wetu ulianza hapo. Wataalamu wana majina ya njia hii, lakini kwa ufupi ni hivi: nenda kwenye mchezo wake kabla ya kumwita kwenye wako. Nenda kama mgeni, usiubadilishe, usifanye mtihani ("hili rangi gani?"), na akikugeuzia mgongo, toka bila kununa.

8. Hanitazami machoni. Hanipendi?

Hapa mtu wa kwetu ana faida ambayo wenzake wa Kimarekani hawana. Wao hufundishwa kwamba anayekwepa macho anaficha jambo. Sisi tulifundishwa kuinamisha macho mbele ya wakubwa, na hakuna aliyesema kwamba hatusikii. Basi kumbuka hilo. Watoto wengi wenye usonji husikiliza vizuri zaidi wakitazama pembeni, na wengine wakubwa wameeleza kwamba kutazamana ni kama kumulikwa na taa usoni. Usiseme "nitazame nikuongeleshe." Simama bega kwa bega naye, mtazame kitu kimoja, na uongee.

Vilevile usitegemee heshima ya maneno. Atakuita kwa jina lako kavu, bila kaka, dada wala mwalimu, na hivyo ndivyo kambi nyingi zinavyofanya.

9. Lafudhi yangu ya Kiingereza haitamchanganya?

Siku moja au mbili, labda. Sema sentensi fupi, jambo moja kwa wakati, kisha mpe nafasi. Hesabu kimya hadi kumi kabla ya kurudia. Ukirudia kwa maneno mapya, kwake unakuwa umeanza upya. Akiiga lafudhi yako neno kwa neno, hakudhihaki. Tazama swali la 11.

Na lugha yako ni zawadi. Salamu ya Kiingereza, "How are you?" (u hali gani?), huwatatiza watoto hawa, kwa sababu wanaulizwa swali ambalo muulizaji hangoji jibu la kweli. Salamu zetu zina jibu lililowekwa: "Mambo?" "Poa." Ukiitwa, unaitikia, na mambo yamekwisha. Niliifundisha bweni zima, na mtoto ambaye hakuwahi kumsalimia mtu ndiye aliyekuwa akinisubiri mlangoni asubuhi ili aniwahi kwa "Mambo?"

10. Anazungumza kitu kimoja tu kutwa nzima: saa, treni, papa. Nimkatize?

Hapana. Huo ndio mlango aliokufungulia. Uliza swali la kweli, ambalo hujui jibu lake. Mtoto wangu wa saa nilimweleza kwamba kwetu siku inaanza jua linapochomoza, kwa hiyo yao ya moja mchana kwetu ni saa saba. Alikaa kimya muda mrefu akihesabu, kisha akatafsiri ratiba nzima ya kambi kwa saa za Kiswahili, akaibandika chini ya ile ya picha.

Wenzake wakichoka, weka kikomo wazi na cha haki: "Dakika kumi za saa baada ya chakula cha jioni, nitakuwa hapa." Kisha uwepo.

11. Anarudia maneno ya matangazo au katuni. Nini maana yake?

Mara nyingi kuna maana, ila haiko ndani ya maneno yenyewe. Hali hii huitwa ekolalia: mtoto anabeba kipande cha usemi kizima kutoka mahali alipokisikia na kukitumia kwa hisia aliyokuwa nayo pale.

Nilikuwa na mtoto kutoka New York ambaye katikati ya chakula husema kwa sauti ya tangazo la treni ya chini ya ardhi: simama mbali na milango inayofungwa, tafadhali. Meza nzima ilicheka, na mimi wiki ya kwanza nilitabasamu tu. Nikaanza kuandika kwenye daftari anasema lini. Kila mara ilikuwa kumejaa na nyimbo zimeanza, watu wakigonga meza, na kila mara dakika chache baadaye alikuwa chini ya meza. Alikuwa akiniambia kwamba anafunga milango. Nilipoanza kumjibu "sawa, tutoke," na kutoka kweli, suala la kujificha chini ya meza likaisha.

Weka daftari hilo. Andika maneno, mahali, na kilichotokea baada yake.

12. Na asiyesema kabisa?

Kutosema si kutoelewa. Zungumza naye kwa kiwango cha umri wake na usimjadili mbele yake kana kwamba hayupo. Wengine hutumia kadi za picha, ishara za mikono au kishikwambi kinachotamka. Kishikwambi hicho ni mdomo wake: kinakwenda ziwani ndani ya mfuko usiopitisha maji, kinakwenda kwenye moto wa usiku, na hakichukuliwi kama adhabu hata siku moja. Ukisikia mtu akisema "amezidi kucheza na tableti, mnyang'anye," simama hapohapo umweleze.

## Siku nzima kambini

13. Kila tukibadilisha shughuli anagoma. Nifanyeje?

Kwanza jichunguze kuhusu muda. Sisi husema "nakuja sasa hivi" na kufika baada ya nusu saa, na hakuna anayeona ajabu. Kwa mtoto huyu, sasa hivi ni sasa hivi. Ukisema dakika tano, ziwe tano kwa saa ya mkononi. Kila dakika uliyomdanganya itakugharimu mabadiliko yanayofuata.

Toa onyo: dakika kumi, tano, mbili. Mwonyeshe picha ya kinachofuata. Tumia "kwanza, kisha": kwanza viatu, kisha mtumbwi. Mruhusu kumaliza: jiwe la mwisho, mstari wa mwisho wa mchoro. Na mpe kitu cha kubeba kutoka hapa hadi pale, mfano filimbi au orodha ya majina. Mikono yenye kazi hutembea kirahisi zaidi.

Ratiba ikivunjika ghafla, mpe kanuni badala ya matumaini. Radi ikisikika, kambi huondoa watu majini na kungoja dakika 30 tangu mngurumo wa mwisho. Ukinguruma tena, hesabu inaanza upya. Ukimwambia mtoto "labda tutarudi," atateseka. Ukimkabidhi saa na kanuni hiyo, anakuwa msimamizi.

14. Anakula tambi zisizo na mchuzi tu. Nimlazimishe?

Usimlazimishe, na usimwambie habari za watoto wenye njaa. Najua tumelelewa kumaliza sahani. Lakini kwake shida si kiburi wala kudeka: chakula kilichogusana na kingine, au kinachoteleza ulimini, kinaweza kumtapisha. Ongea na jikoni mapema, mpe anachokula, weka kingine karibu bila kusema neno. Mletee kabla foleni haijajaa, au aketi mwisho wa meza karibu na mlango.

La kuangalia zaidi ni maji. Baadhi ya watoto hawa hawazisikii vizuri ishara za mwili wao: kiu, joto, haja ndogo, hata maumivu. Usiulize "una kiu?" Julai yote weka saa za kunywa na saa za choo kwenye ratiba. Akichechemea, mvue kiatu uangalie, hata kama amesema hajaumia.

15. Usiku, kuoga, losheni?

Kiangazi cha huko jua huzama karibu saa mbili na nusu usiku, na watoto wanatakiwa kulala mwanga ungalipo. Pazia au kofia ya macho husaidia. Utaratibu uleule kila usiku, kwa mpangilio uleule. Dawa za usingizi, kama anazo, hutolewa na nesi peke yake. Kaunsela hagusi dawa.

Losheni ya jua na ya mbu huwakera wengi. Mwambie kabla ya kugusa, mpake kwa mgandamizo imara badala ya kupapasa, au ajipake mwenyewe huku ukimhesabia. Shati la mikono mirefu la kuogelea hupunguza ugomvi.

16. Tarehe 4 Julai watarusha fataki. Nani aliniambia?

Hakuna, ndiyo maana nakuambia mimi. Ni sikukuu ya uhuru wao, na kambi nyingi huenda kutazama au kurusha. Mwoneshe siku mbili kabla: nini kitalipuka, saa ngapi, kwa muda gani. Mpe chaguo la kweli la kubaki bwenini na mtu mzima. Wengine hupenda kuzitazama kwa mbali, wamevaa hedifoni, nyuma ya dirisha.

## Anapozidiwa

17. Nitofautisheje deko na kuzidiwa, na nifanye nini?

Mtoto anayedeka anatazama kama unamwona, na akipewa alichotaka ananyamaza. Aliyezidiwa hatazami mtu, na ukimpa alichokuwa akitaka dakika tano zilizopita, hakioni. Anaweza kulia, kupiga, kukimbia, kujigonga kichwa. Wengine hufanya kinyume: hukakamaa, hunyamaza, huzima kabisa, na kwa kuwa hawasumbui mtu, hakuna anayewajali.

Wakati huo punguza kila kitu. Watoe wengine, usimburute yeye. Punguza sauti yako, kisha maneno, kisha nyamaza. Keti chini, upande, si mbele yake. Usimguse bila kujua kwamba mguso humtuliza. Mwenzako amwite mkuu wa kitengo. Subiri, inaweza kuwa dakika tano, inaweza kuwa arobaini. Akirudi, atakuwa amechoka kama aliyetoka kwenye homa. Mpe maji. Usimhoji wala usimtake aombe radhi saa hiyo.

Baadaye fungua daftari la swali la 11 uandike kilichotangulia kwa saa nzima nyuma. Kuzidiwa huanza kujengeka mapema, pengine tangu filimbi ya asubuhi.

Kupunga mikono, kujitikisa au kuvuma si kuzidiwa. Ni njia yake ya kujiweka sawa, wakati mwingine ni furaha tu. Mwache.

18. Akinipiga au kuniuma?

Jikinge, sogea, linda wengine. Usirudishe, usimkamate kwa nguvu kama hujafundishwa na kambi na hakuna hatari ya papo hapo. Kibao kimoja, hata kile ambacho nyumbani kingeitwa cha adabu, kitakutoa kambini siku hiyohiyo na kinaweza kukufikisha mahakamani. Na zaidi ya yote, kinamwumiza mtoto ambaye hakuwa na namna nyingine ya kukuambia. Toa taarifa, nenda kwa nesi akutazame, omba mwenzako akupokee kwa saa moja. Kuumwa kunauma. Kuomba kupumzika ni haki yako.

## Maswali magumu zaidi

19. Faili halisemi kitu, lakini naona dalili. Nimwambie mzazi?

Hapana. Wewe si daktari, na mzazi anaweza kuwa anajua na ameamua kutosema, kwa hofu kwamba mtoto atakataliwa. Mweleze mkuu wako ulichokiona, si jina la hali: "Anaziba masikio kila chakula," si "nadhani ana usonji." Wakati huohuo tumia yote yaliyoandikwa humu. Ratiba ya picha haihitaji cheti.

Kuwa macho kwa wasichana hasa. Wengi huficha: huiga wenzao wanavyocheka na kuvaa, kutwa nzima, kisha usiku hulia bila sababu inayoonekana. Ukiona anayeshangiliwa mchana na kuporomoka kila usiku, mpe mapumziko ya upweke katikati ya siku.

20. Usalama wa majini na kupotea: ni nini hasa natakiwa kujua?

Hili soma mara mbili. Katika utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2012, karibu nusu ya familia zilizohojiwa zilisema mtoto wao mwenye usonji amewahi kujaribu kuondoka mahali salama baada ya kufikisha miaka 4. Wengi wao huvutwa na maji, na kuzama ni miongoni mwa sababu kuu za vifo vya watoto wanaotoweka hivyo. Akikosekana, ziwani na bwawani ndiko kunakoanziwa, kabla ya kuita jina lake msituni. Huenda asiitikie akiitwa hata akiwa hatua tatu kutoka kwako. Toa taarifa kwa redio papo hapo. Usijipe dakika tano za kumtafuta kimyakimya kwa kuogopa kulaumiwa.

Ziwani kila mtoto huogelea na mwenza, na filimbi ikipigwa wenza hushikana mikono na kuinua juu wahesabiwe. Filimbi na kushikana mikono ni vitu viwili ambavyo anaweza kuvichukia. Zungumza na mlinzi mkuu kabla ya siku ya kwanza: labda washikilie ncha mbili za kamba fupi. Mazoezi yafanyike nchi kavu. Na kwamba anajua kuogelea haimaanishi hahitaji jicho.

21. Wenzake wanamcheka. Niwaambie ana usonji?

Siri hiyo si yako. Ni ya mtoto na wazazi wake. Unaweza kueleza mahitaji bila kutaja hali: "Kelele zinamuumiza masikio, kama jua linavyokuumiza macho." Watoto wa miaka 9 huelewa haraka kuliko makaunsela. Wanaobeza, wasemeshe faragha, siku hiyohiyo.

Usimteue mtoto mmoja mpole kuwa "mlinzi" wake wa wiki nzima. Tafuta shughuli ambamo yeye ana ujuzi, wengine wamfuate. Damian Milton, mwanasosholojia wa Uingereza ambaye mwenyewe ana usonji, aliandika mwaka 2012 kwamba kutoelewana huku kuna pande mbili: sisi nasi hatuwaelewi wao. Nimeona ukweli wake kila msimu. Aliyekuwa akiitwa "hajui kucheza" alikuwa akicheza vizuri sana, na sisi tuliobaki ndio tuliokuwa hatujui kanuni.

22. Mimi ni mzazi Mswahili ninayeishi Marekani. Kambi inaweza kumkataa mwanangu?

Kwa kawaida haiwezi kumkataa kwa sababu ya usonji peke yake. Sheria ya Wamarekani Wenye Ulemavu ya 1990 inazitaka kambi zilizo wazi kwa umma zifanye marekebisho ya busara, bila kumtoza mzazi ada ya ziada kwa marekebisho hayo. Kambi zinazoendeshwa na taasisi za dini ziko nje ya kifungu hicho, ingawa nyingi huwapokea. Zipo pia kambi maalumu za watoto wenye usonji. Uliza: nani atakuwa naye usiku, makaunsela wamefundishwa kwa saa ngapi, nini hufanyika akizidiwa, je naweza kumleta atembelee kabla? Kama nyumbani mnaongea Kiswahili, waandikie kambi maneno kumi anayoyatumia: maji, choo, basi, naumwa.

23. Naweza kumpiga picha na kuweka mtandaoni?

Hapana. Hata ukimficha uso.

24. Siku ya mwisho nimwageje, na naweza kuwasiliana naye baadaye?

Anza kuaga siku tatu kabla, kwenye ratiba ileile: picha ya basi, picha ya nyumbani kwao. Mwambie tarehe na saa. Usidai kumbatio; wengine huondoka bila kugeuka, na haina maana kwamba hukuwa kitu kwao. Usiahidi "tutaonana mwakani" kama viza yako haijulikani. Ahadi hiyo ataikumbuka kwa tarehe.

Kambi nyingi haziruhusu kaunsela kuwasiliana faragha na mtoto baada ya msimu. Pitia ofisini: andika kadi, waipeleke kwa mzazi. Mimi huandika mambo matatu tu: nilichofanya naye, kitu alichonifundisha, na saa niliyoandika, kwa Kiswahili. Yule wa mawe wazazi wake walijibu kupitia ofisi mwezi wa Oktoba. Ndani ya bahasha hakukuwa na barua, kulikuwa na jiwe moja jeusi. Nililiweka chini ya bomba likalowa, halikubadilika rangi. Lilikuwa la mwisho kwenye mstari.